Kapu Lisilorudi Tupu

Mimi si mtu wa kutulia. Rafiki zangu wa Kisumu wamenizoea: nikialikwa kwao nakalia ukingo wa kiti, mkoba begani, kama mtu anayengoja jina lake liitwe. Nimehama nyumba za kupanga hadi mwenye mkokoteni akiniona tu anauliza, "Sasa tunaenda wapi tena, Madam?" Wanaosema nimerogwa waseme. Mimi najua ugonjwa huu niliupatia wapi. Niliupata nyumbani Nyakach, si mbali na soko la Katito, wakati boma letu lilipokuwa kortini na mimi meno ya utotoni ndiyo kwanza yananitoka.

Mwezi jana Baba alinipigia simu mapema, nikiwa bado na mswaki mdomoni. "Mama Ouma ametuacha," akasema. Ndiye jirani yetu wa tangu nilipozaliwa. Macho yangu yakaenda yenyewe juu ya kabati, mahali lilipo kapu. Nikalishusha nikatia uso ndani. Harufu ilikuwa ileile: vumbi la mtama, moshi, na ule ukali mwembamba wa chumvi unaowasha puani. Ni kapu la mafunjo, alilisuka Dani, bibi yangu mzaa baba. Mdomo wake umeshonwa upya kwa uzi wa nailoni na upande mmoja umebonyea. Mtu mwingine angeliokotea kuni. Mimi nikakaa nalo sakafuni nikalia, halafu nikainuka nikazunguka chumba, maana hata kulia siwezi kukaa chini nikakumaliza.

Babu yangu hakuwa mtu wa Nyakach. Alizaliwa upande wa Port Victoria, akaja Kisumu kijana kutafuta kazi, akaipata katika karakana ya mbao ya Kalasinga mmoja. Hapo akapewa mwenzake wa msumeno, ule mrefu wa kushikwa na watu wawili, huyu akivuta yule anaachia. Mwenzake alikuwa Mzee Ogola. Walivuta msumeno huo pamoja ujana wao wote. Maji ya ziwa yalipopanda yakalimeza boma la kina Babu, Mzee Ogola alimwambia, "Njoo ujenge kwangu." Babu akaja na mke wake, akajenga ng'ambo ya mstari wa mkonge, na hapo ndipo Baba alipozaliwa, na mimi baada yake. Wajaluo wana jina la mtu kama Babu: jadak, mgeni aliyepewa mahali pa kujenga. Si tusi. Lakini ni jina ambalo halizeeki; unaweza kuzaa, kujukuu na kuzikwa, bado mtu akikasirika sokoni anakukumbusha.

Wapimaji wa serikali walipokuja kuandikisha mashamba, shamba zima liliandikwa jina la Mzee Ogola. Hakuna aliyeshtuka. Mzee Ogola alisema cheti ni kimoja lakini maboma ni mawili, na wakati ule neno la mtu kama yeye lilitosha.

Dani naye alikuwa na lake. Kila mtama mpya ulipovunwa hatukuruhusiwa kuuonja kabla kapu halijaenda ng'ambo ya mkonge. Alichagua masuke yaliyojaa, akayapura mwenyewe, akapepeta, akajaza kapu hadi likawa na kichuguu, akafunika kwa kitambaa. Nilipopata nguvu za kutosha kazi ya kulibeba ikawa yangu. Mama alifanya kazi mjini katika duka la vitambaa na alikuja nyumbani mwisho wa mwezi, kwa hiyo aliyenilea ni Dani, na kila alichofanya nilidhani dunia nzima inafanya.

Ng'ambo, Mama Ouma, mke wa Mzee Ogola, alinipokea kwa kelele. "Nyar Nam ameleta!" Ndivyo alivyomwita Dani, binti wa ziwani. Alimimina mtama kwenye chungu chake, akaingia ndani, akatoka na chumvi imefungwa kwa gazeti, akaiweka katikati ya kapu. Wakati mwingine aliongeza kipande cha sabuni au omena, wale dagaa wa ziwani, wakavu, lakini chumvi haikukosa. Kapu la mtu halirudi tupu, hiyo kila mtoto wa kwetu anaijua kabla ya kujua kuhesabu. Mimi nilijua zaidi ya hiyo: nilijua kutoboa gazeti kwa kidole njiani nikalamba. Kwa akili yangu kapu lilikwenda kwa sababu chumvi imeisha.

Kisha Mzee Ogola akafa, na mwanawe Ouma akarudi kutoka Bondo, alikokuwa na kazi ya ofisi. Tulimwita Anko Ouma. Alikuwa na viatu vinavyong'aa na tabia ya kutazama vitu huku amefinya jicho moja. Shamba letu linagusa barabara ya Kisii, na mfanyabiashara mmoja alikuwa akitafuta mahali pa kujenga kituo cha mafuta. Haikuchukua muda tukaletewa karatasi: Ouma anaomba korti ituondoe, sisi na mali zetu, katika ardhi ya marehemu baba yake. Baba aliisoma amesimama mlangoni. Alipofika mwisho akaanza tena mwanzo, kama mtu anayedhani karatasi itabadilisha mawazo.

Baba alikuwa fundi wa kuchomelea vyuma pale Katito. Tangu siku ile hakuketi tena. Chai aliinywa wima, akitazama upande wa mkonge, na kikombe kikiisha alilizunguka boma akigusagusa vitu: nguzo, mlango wa zizi, kaburi la Babu. Dani alimtania, "Wewe utachimba mtaro kwa miguu." Hakucheka. Usiponiamini kwamba wasiwasi unaambukiza, njoo unitazame nikila.

Halafu ikaja karatasi ya pili, na hii ndiyo iliyonivuruga mimi. Korti ilikuwa imesema mpaka kesi iamuliwe hali ibaki vilevile ilivyo: kusijengwe kitu, kusikatwe mti, mpaka usisogezwe, na asizikwe mtu hapo.

Dani akauliza, "Na mimi je, nikifa?"

"Mama," Baba akasema, "usife kwanza."

Alisema kwa uchungu tu, naelewa leo. Lakini mimi nilikuwa nimekaa pale natoa mchele mawe, na niliyachukua maneno yale kama yalivyo. Nilikuwa naamini Korti ni mtu. Watu wazima walisema Korti imekataa, Korti imekasirika, Korti imesogeza mbele. Nikampa umbo la mzee mkali asiye na mke, anakaa Kisumu kwenye ghorofa ya juu na anaona hadi kwetu. Na sasa mzee huyo alikuwa ametuamuru tusibadilike. Hali ibaki vilevile. Kila kitu.

Sijui kama kuna mtoto aliyewahi kufanya kazi ngumu kama niliyoifanya mimi msimu ule. Jino langu la mbele lilikuwa linacheza, nikalizuia kwa ulimi mchana kutwa. Kuku wetu akaangua. Nikavisukumia vifaranga chini ya kitanda, Korti asivione. Kwenye mwimo wa mlango kulikuwa na alama ya mkaa aliyonipimia Mama, na nilipoona nimeipita nikaanza kutembea nimejikunja. Mwalimu akamwandikia Baba kwamba labda nina minyoo. Nikanyweshwa dawa ya minyoo, nikainywa kishujaa kwa ajili ya boma.

Jino halikunihurumia. Lilinitoka nikila ugali. Nililificha kwenye ufa wa ukuta nyuma ya nyumba, na kuanzia hapo nikawa nazungumza nimefunga mdomo.

Kubwa zaidi lilikuwa Dani. Baada ya chakula cha mchana alizoea kujilaza kidogo kwenye mkeka kivulini, upande wa jikoni. Mimi nilikaa karibu nikitazama kifua chake. Kikichelewa kupanda, roho yangu ilinipasuka.

"Dani!"

"Mm?"

"Hakuna kitu."

"Hakuna kitu, na umeniamsha?" Akafungua jicho. "Huyu mtoto ananilinda kama askari wa benki."

Sikumwambia. Ningemwambiaje kwamba amekatazwa kufa na huenda amesahau?

Mvua ilipoanza, paa la mabati likaonyesha matundu yake. Baba aliogopa kulipiga hata msumari mmoja, maana Ouma angesema tunajenga. Basi kitanda tulicholala mimi na Dani kikawa kinahama. Kona hii ikivuja tunakisukuma ile, ile ikivuja tunarudi katikati. Niliamka kila asubuhi sijui mlango uko upande gani. Mtu akinishangaa kwa nini nahama nyumba kila wakati, ningependa kumwonyesha kitanda kile.

Wakili wetu alikuwa dada kijana kutoka Kisumu, mpole lakini wa haraka. Alikuja kwetu akiwa ameshika viatu mkononi kwa sababu ya tope. Alipewa kiti kizuri, akamgeukia Dani.

"Mama, nisikilize pole pole. Sheria inasema, mtu akikaa kwa shamba ya mwingine miaka kumi na mbili na zaidi, wazi wazi, mwenyewe akiona na hamfukuzi, anaweza ambia korti sasa hii ni yangu. Nyinyi mmepitisha hiyo miaka kitambo. Iko kitu moja tu. Iwe mliingia bila ruhusa. Ukisema mlikaribishwa, hiyo njia imefungwa."

Dani alifikiri. "Kwa hivyo niseme aje?"

"Sema mliingia tu, mkajenga, mkakaa."

"Mtu anaingia kwa boma ya watu bila hodi, huko Kisumu mnamwita nani?"

Wakili akatabasamu kidogo. "Mama, hiyo ni lugha ya sheria tu."

"Mimi nauliza lugha ya watu. Mzee wangu alikuwa mwizi?"

"Hakuna mtu anasema mwizi."

"Ni mimi nitasema. Na kinywa hii."

Baba aliyekuwa mlangoni akaingilia. "Mama, tunataka mahali pa kukaa. Unataka tutolewe hapa tukiwa na heshima?"

Wakili akapoza mambo. Alisema ataandika pia ombi la pili chini ya lile la kwanza, kwamba Mzee Ogola alikuwa ameshika shamba kwa niaba ya maboma yote mawili, ingawa yeye mwenyewe halitegemei sana kwa sababu hakuna karatasi. Akaaga, kisha akakumbuka kitu. "Na hiyo kapu nimesikia habari yake, tafadhali isiende tena. Wataiita kodi. Mpangaji hawezi kudai nyumba."

Mtama ukaiva. Ukavunwa, ukakauka, ukapurwa. Tukakaa njaa mbele yake. Namaanisha tulikula ugali wa unga wa duka huku mtama wetu umejaa gunia, kwa sababu Dani alikataa kuugusa. Siku ya tatu akalishusha kapu.

"Mama, hiyo kapu itatumaliza," Baba akasema.

"Heshima si utumwa."

"Ouma anataka kukutoa hapa, na wewe unampelekea chakula?"

"Ouma alinipa shamba? Mimi napeleka kwa Mama Ouma. Mtama yenye haijaenda kule itanikwama hapa." Akagusa koo. "Akoth, shika."

Nilimtazama Baba. Baba akatazama pembeni, akatoka kwenda kulizunguka boma. Nikashika.

Ng'ambo ya mkonge nilimkuta Anko Ouma ameegemea mlango wa mama yake. Aliponiona akasimama vizuri, akatoa simu.

"Ebu simama hapo, Akoth. Inua kapu kidogo ionekane. Haya, cheka."

Hakuna mtu aliyekuwa amewahi kunipiga picha nikiwa peke yangu. Nilianza kwa kutabasamu midomo imefungwa, kwa ajili ya jino. Kisha furaha ikanizidi, nikacheka mdomo wote.

Mama Ouma akatoka akipangusa mikono. "Picha ya nini?"

"Ya ukumbusho tu, Mama."

Alimimina mtama, akaingia ndani, akatoka na chumvi, akaiweka ndani ya kapu kama siku zote. Nilipoondoka nayo kichwani, simu ya Anko Ouma ilikuwa imesharudi mfukoni. Nilisikitika. Nilitaka anipige na chumvi pia.

Kesi iliposikilizwa Dani alikataa kwenda Kisumu bila bega langu la kushika, kwa hiyo nikaenda. Nilikuwa nimejiandaa kumwona mzee Korti. Nilimtafuta chumba kizima, nikamkosa. Pale mbele palikaa mama mwenye miwani na joho jeusi, akiandika na kupiga chafya, chini ya feni iliyozunguka kwa kulalamika. Nilifikiri ni mfanyakazi wake.

Anko Ouma alisimama kwanza. Alisema baba yake aliwahurumia wageni, na wageni walilijua hilo, ndiyo maana kila mavuno walileta kodi ya mtama. Wakili wake, bwana mmoja mwenye sauti ya redio, akatoa picha ikapelekwa kwa yule mama mwenye miwani. Nikajiona kwa mbali: mimi, kapu, na lile pengo.

Nikaziba mdomo kwa mikono miwili. Sasa wamejua. Korti ametuambia tusibadilike na mimi hapa nimebadilika, ushahidi ameushika mkononi, anausogeza karibu na miwani. Dani akaniona, akanivutia ubavuni mwake. Aliponusa hofu yangu alidhani ni ya kesi. Kwa maana fulani ilikuwa.

Wakili wetu alikuwa ameinama. Hata mimi niliona kalamu yake imesimama.

Kisha wakaita shahidi wa pili wa Ouma, na huyo alikuwa Mama Ouma mwenyewe. Alivaa gauni lake la kanisani. Alisema kwa Kiluo na karani akatafsiri. Ndiyo, anawajua watu hawa. Ndiyo, kapu lilikuja. Kila mavuno? Kila mavuno, halijawahi kukosa. Yule bwana wa sauti ya redio akashukuru, akaketi ameridhika.

Wakili wetu akainuka polepole kama mtu anayeinuka na mzigo. Ndipo Dani akanyoosha mkono juu, kama mwanafunzi darasani. Askari akamfanyia ishara ashushe. Hakushusha. Wakili akarudi nyuma, akainama, na Dani akamnong'oneza kwa sauti ambayo nusu ya chumba ilisikia: "Muulize ilirudi na nini."

Wakili akamtazama. Kisha akageuka mbele.

"Mama, hiyo kapu ikifika kwako, ilikuwa inarudi aje?"

Mama Ouma hakuelewa swali. Akamtazama karani. "Aje, aje? Na chumvi."

"Kila mara?"

"Sasa ningerudisha kapu ya mtu tupu? Mimi sikulelewa?" Watu wakacheka, yule mama mwenye miwani akainua kichwa.

"Na mpangaji akikuletea kodi, unamrudishia kitu?"

"Mpangaji?" Akaanza kuelewa yuko wapi na amepelekwa pale kufanya nini. Akamtazama mwanawe. Nilimwona Anko Ouma akitikisa kichwa taratibu, akimwomba. Sauti ya Mama Ouma ilipotoka ilikuwa imepungua.

"Ouma ni mtoto yangu, simkatai. Lakini maneno ya baba yake siwezi kumeza. Huyu mwenye kapu, mzee wake alipokufa, ni mzee wangu alitembea kwa hiyo boma akachagua mahali pa kaburi. Alisema, mwenzangu wa msumeno alale hapa, na mke wake kando yake. Mgeni unampa mahali pa kulala. Huwezi kumchagulia kaburi."

Yule mama mwenye miwani akaandika. Feni ikaendelea kulalamika.

Dani alipoitwa, wakili alimuuliza waliingiaje katika shamba lile. Aliuliza kama mtu aliyeamua kuacha mto umchukue. Dani akashika ukingo wa kizimba.

"Tulikaribishwa," akasema.

Hukumu haikutoka siku hiyo. Ilisogezwa, ikasogezwa tena, na kitanda chetu kikaendelea kuhama. Ilipotoka, Baba alikwenda Kisumu peke yake. Jioni tulimwona akija kutoka barabarani, haendi mbio wala hatembei. Alifika akasimama mbele ya Dani.

"Imekataa ile ya kwanza," akasema. "Kwa sababu ulisema tulikaribishwa."

Dani akaitikia kwa kichwa.

"Imekubali ya pili. Wamesema Mzee Ogola alishika cheti kwa niaba ya boma mbili. Hii ya kwetu ikatwe mpaka kwa mkonge, iandikwe jina letu. Kaburi na yote."

Nilitarajia kelele. Dani aliuliza kitu kimoja tu. "Kwa hivyo sasa naweza kufa?"

"Unaweza, Mama." Baba akamshika bega. "Lakini si leo."

Mimi nikakimbilia nyuma ya nyumba, nikachokoa jino kwenye ufa wa ukuta, nikalirusha juu ya paa kama watoto wengine wanavyofanya. Lilibingirika likaingia kwenye tundu mojawapo, likaanguka ndani ya nyumba. Kesho yake Baba alipanda na misumari.

Kituo cha mafuta kilijengwa kwingine. Anko Ouma alirudi Bondo, na kila alipokuja alipita mbele yetu bila salamu, shingo imekakamaa. Kapu liliendelea. Dani alikufa miaka baadaye, kwa ruhusa, mchana, kwenye mkeka wake, nami sikuwepo kumwita. Tulimzika kando ya Babu, pale pale Mzee Ogola alipopaonyesha. Mama Ouma alikuja na kapu alilokuwa amebaki nalo, na chumvi ndani, akaliweka mikononi mwangu. "Sasa ni wewe," akasema. Tangu hapo kila mavuno nilitoka Kisumu kulipeleka. Msimu uliopita lilirudi, nikalibeba na chumvi yake hadi mjini. Kwa hiyo Mama Ouma alipofariki lilikuwa kwangu. Ilikuwa zamu yetu.

Na huko kwake sasa amebaki Ouma.

Baada ya mazishi, watu walipotawanyika, nikajaza kapu kwa mtama mpya. Baba, mzee sasa, alinitazama kutoka mlangoni na kikombe chake mkononi.

"Utampelekea yeye?"

"Napeleka kwa lile boma."

"Huyo alikupiga picha, Akoth."

"Najua."

Nilijua sana. Hata hivyo nikavuka mkonge. Kesi moja huisha kwenye karatasi tu. Kizazi kimoja kikinyamaziana, kingine kinaweza kuianza upya, na mimi nina watoto wa ndugu zangu wanaocheza juu ya ardhi ile. Akilimwaga lile kapu akanirudishia tupu, nitakuwa nimepata jibu, na watoto wale watalirithi.

Nilimkuta akikunja viti vya kukodi. Amezeeka. Viatu having'ai tena.

"Hodi."

"Karibu." Akaona kapu. Akasimama na kiti mkononi. "Ya nani hiyo?"

"Ya hapa."

Alikiweka kiti chini akalipokea. Akafunua kitambaa, akatia vidole kwenye mtama, akautazama bila kufinya jicho. Kisha akatazama huku na huku, na nikaona anatafuta pa kumiminia. Chungu cha mama yake kilikuwa pale pale ukutani. Akakisogelea, akaliinamisha kapu, mtama ukashuka wote kwa ile sauti ya mvua ya mbali. Akabaki ameshika kapu tupu.

"Alikuwa anaweka nini?" akauliza bila kugeuka.

"Chumvi."

"Chumvi tu?"

"Chumvi tu. Kwa gazeti."

Aliingia ndani. Nikamsikia akifungua makopo, akifunga, akisogeza vitu. Alikaa sana huko. Alipotoka macho yalikuwa mekundu na kapu bado tupu.

"Hakuna," akasema. "Watu wa matanga wamemaliza yote."

Nilinyoosha mikono kulipokea. Nilisema haidhuru, nadhani nilisema haidhuru. Yeye akalirudisha nyuma, akalikumbatia kifuani.

"Acha kapu," akasema. "Nitaleta."

Nilirudi kwa njia ya mkonge mikono mitupu, sijui pa kuiweka. Baba alikuwa bado mlangoni.

"Kapu iko wapi?"

"Imebaki kwa Ouma. Anaweka chumvi."

Alinitazama kuona kama natania. Kisha baba yangu, ambaye tangu utoto wangu sijamwona akimaliza chai isipokuwa amesimama, akavuta kiti, akakaa.